Nyumba ya Kiswahili, nyumba ya geti au fleti: kabla hujachagua, fuata miguu ya mgeni

Kazi yangu ni kuchora ramani za nyumba hapa Dar es Salaam. Mteja akifika mezani, kwanza ananionyesha picha kwenye simu: nyumba nyeupe, bati la kuficha, vioo vyeusi, geti kubwa la chuma. Anasema anataka vyumba vinne, viwili masta, jiko la wazi, na ukuta kuzunguka kote. Namsikiliza hadi amalize, kisha namuuliza: mama akija kutoka kijijini, saa nne asubuhi atakaa wapi?

Wengi hujibu upesi, "Sebuleni." Halafu wananyamaza, kwa sababu kila mtu anamjua mama yake. Saa nne asubuhi mama hakai sebuleni. Anataka mkeka, kivuli, ungo wa mchele au mboga za kuchambua, na mtu anayepita amwambie shikamoo. Nyumba ya kwenye picha haina pa kuyaweka hayo. Wiki mbili zikipita, mama atasema amewakumbuka kuku wake, na ataomba nauli.

Ulinganisho huu ni wa mtu mwenye kiwanja, tuseme kile cha mita 20 kwa 20 ambacho madalali wengi huuza siku hizi, na ni wa anayetafuta pa kupanga au kununua. Bei ya saruji na bati utaipata kwa fundi wako. Mimi nataka tuangalie jinsi nyumba inavyokuamulia utatembeaje ndani yake, utakutana na nani, na mara ngapi kwa siku. Nimeishi katika aina zote tatu: nimekulia Magomeni kwenye nyumba ya vyumba sita, nimeanza ndoa kwenye fleti ghorofa ya tatu, na sasa niko kwenye nyumba yenye geti niliyoichora mwenyewe, pamoja na makosa yake.

Kutoka barabarani hadi kitandani

Nyumba ya Kiswahili ya mjini, ukiijua moja umezijua nyingi. Mbele kuna baraza, mlango uko katikati, korido inakwenda moja kwa moja hadi nyuma, vyumba vitatu kulia na vitatu kushoto, kisha ua wenye jiko, stoo, bafu na choo. Kariakoo, Ilala, Magomeni na Temeke zilijaa nyumba hizi, na Mombasa wanazo. Miaka ya 1960, Shirika la Nyumba la Taifa lilipobomoa nyumba za miti na udongo pale Magomeni na kujenga za tofali, kuta zilibadilika lakini ramani ilibaki ile ile. Watu walikuwa tayari wanajua kuishi ndani yake.

Sasa mfuate mgeni. Kuna mgeni wa dakika mbili, aliyekuja kuuliza kama maji yametoka. Huyo anaishia barazani. Kuna mgeni wa kikombe cha chai. Atavuka mlango, atawekewa kigoda koridoni. Kuna mgeni mwanamke aliyekuja na shida yake; atapita korido yote hadi uani, atakaa karibu na jiko na kuongea huku anamenya vitunguu. Na kuna ndugu, huyo ataingia chumbani. Kati ya barabara na kitanda kuna vituo vinne au vitano, na kila mgeni anajua kituo chake bila kuambiwa.

Nyumba ya geti ina vituo viwili: geti na sebule. Mgeni wa dakika mbili akigonga geti, unatoka jikoni, unavuka uwanja, unafungua komeo, na hapo unabaki na njia mbili tu. Umsimamishe getini kama mtu wa kuuza karanga, au umwingize mpaka kwenye makochi na umtafutie soda. Njia zote mbili zinachosha, wewe na yeye. Kesho yake hagongi. Mtoto wa jirani aliyetumwa chumvi, akigonga mara tatu mbwa akabweka, anarudi kwao na kusema hawapo.

Kwenye fleti kuna ngazi, mlango, na sebule hapo hapo. Ukifungua mlango mgeni ameshaona kitanda cha mtoto, nguo za kupiga pasi na sahani za mchana. Ndiyo maana wakazi wengi wa fleti huongea na jirani kupitia mlango uliofunguliwa nusu, mkono mmoja kwenye kitasa. Si kiburi. Ramani imewanyima mahali pa kusimama.

Nikimsikia mtu analalamika kwamba watu wa mjini hawasalimiani siku hizi, nataka kumuuliza amejenga nini kati ya barabara na sebule yake.

Kozi mbili za tofali

Baraza ni kozi mbili tu za tofali, yaani mistari miwili, mmoja juu ya mwingine, zilizopigwa plasta juu yake. Hiyo ni kama sentimita 45 hadi 50, urefu wa goti, na upana wa kutosha mtu kukunja mguu. Fundi mmoja anaimaliza kwa siku mbili. Sijui kitu kingine cha bei hiyo kinachofanya kazi kubwa namna hiyo.

Kwenye nyumba yetu ya Magomeni saruji ya baraza ilikuwa imechakaa na kukwaruza kote isipokuwa sehemu mbili: kulia mwa mlango, alipokaa babu, na kwenye pembe ya mwisho, walipokaa kaka zangu na wenzao. Hapo ilikuwa laini na inang'aa, kwa miaka ya kanzu na suruali kusuguana nayo. Asubuhi babu alikaa upande wake kwa sababu jua lilikuwa bado nyuma ya nyumba. Muuza kahawa na kashata alijua kusimama hapo. Kwa adabu zetu anayepita humsalimu aliyekaa, basi mtaa mzima ulimsalimu babu kila siku, na babu alijua nani amefiwa, nani ameachwa, mtoto wa nani ameacha shule. Wala hakuwa mtu wa kufuatilia habari za watu. Habari zilimfuata yeye pale alipokaa.

Ukimwondoa mzee huyo barazani ukampa kochi zuri ndani ya ukuta, atakuwa na televisheni na upweke. Nimeliona hili kwa wazee wengi waliohamishiwa kwenye nyumba nzuri za watoto wao, na linaniuma, kwa sababu watoto hao walijinyima kweli kuzijenga.

Siku hizi wenye nyumba wengi Kariakoo na Magomeni wameziba baraza na kutoa fremu za maduka. Siwalaumu, fremu inalipa ada ya shule. Lakini palipokuwa mahali pa kukaa bila sababu sasa panataka ununue kitu ndipo usimame.

Korido, upepo na kandambili

Kitu cha kwanza ambacho korido ya nyumba ya Kiswahili inafanya ni kupitisha upepo. Mlango wa mbele ukiwa wazi na wa uani ukiwa wazi, kaskazi au kusi inapata njia, na ndiyo maana watoto hulala koridoni mchana wa Januari na vikongwe hutandika mkeka hapo baada ya sala ya adhuhuri. Nyumba ya geti ya vyumba vingi kwa kawaida ina korido fupi iliyozibwa mwisho na mlango wa chumba masta. Upepo hauna pa kutokea. Unanunua kiyoyozi, kiyoyozi kinataka madirisha yafungwe, na madirisha yakifungwa husikii tena kinachoendelea nje.

Kitu cha pili ni kujuana. Bibi alikuwa akirudi kutoka sokoni, kabla hajatua kapu, anaangalia kandambili kwenye milango. Alijua nani yupo, nani hajarudi, nani ana mgeni. Na pazia lilikuwa na lugha yake: mlango wazi na pazia limeshushwa maana yake nipo, piga hodi, pazia limefungwa fundo juu maana yake pita tu, mlango umefungwa mchana, usigonge.

Lakini nisimdanganye msomaji. Korido hiyo hiyo haina siri. Bi harusi aliyehamia chumba cha pili kushoto hawezi kugombana na mumewe kwa sauti ya kawaida. Akienda msalani usiku anavuka korido na ua, na mwezi wa nne anavuka kwenye mvua. Anayechelewa kurudi anajulikana, anayekuja na mfuko mkubwa wa sokoni anajulikana, na asiye na kitu anajulikana pia. Mke wangu amekulia nyumba ya kupanga ya aina hiyo Temeke, na aliniambia mapema sana: kokote tutakakokwenda, choo kiwe ndani. Ni haki yake. Ukimsikia mtu anaisifia nyumba ya Kiswahili bila kutaja foleni ya choo saa kumi na mbili asubuhi na ugomvi wa LUKU ya pamoja, huyo hakuwahi kuwa mpangaji.

Kwa nyumba ya geti, korido inaleta shida nyingine, ya vijana. Ukichora mlango wa mbele, kisha korido, kisha chumba cha kijana, bila yeye kupita mahali watu walipo, utaishi naye miaka mitatu ukiwa unamjua kwa sauti ya kitasa. Mimi siku hizi huchora njia ya vyumbani ikipita kando ya meza ya chakula. Kijana akitoka shule lazima apite mahali mama yake anapokata mboga. Hazungumzi sana, lakini anaonekana, na uso wake unasomeka.

Uani

Mambo mengi ya nyumba ya Kiswahili hutokea nyuma. Uani kwetu kulikuwa na majiko matatu ya mkaa mfululizo, karai la kuoshea vyombo, kamba mbili za nguo, na mwembe wa jirani ulioleta kivuli juu ya ukuta. Mwanamke mmoja akikoroga, mwingine anashika mtoto wa mwenzake. Chumvi ilikopwa na kurudishwa ikiwa sukari. Mama wa chumba cha nne asipotoka kuteka maji asubuhi, kabla ya saa tatu mtu ameshapiga hodi kwake. Siku moja alikutwa na homa kali na watoto wawili wamekaa kitandani hawajala. Hakuna aliyepewa kazi ya kumwangalia. Ni kwamba bomba lilikuwa moja, na kutokuwepo kwake bombani kulionekana.

Ugomvi nao ulikuwa hapo hapo: zamu ya kufagia, maji ya sabuni yaliyomwagwa kwenye mboga, maneno yaliyosikika kupitia dirisha. Mwenye nyumba alikuwa na kazi ya ukadhi kila wiki. Yote mawili, huruma na ugomvi, yalitokana na watu kupishana mara ishirini kwa siku.

Kwenye nyumba ya geti jiko limeingia ndani, na sasa mtindo ni jiko la wazi linaloungana na sebule. Wateja wananililia niwachoree hilo. Nawauliza: mgeni akiwa amekaa, utakaanga samaki? Ndipo miezi sita baada ya kuhamia wananipigia tena, wanataka jiko la nje, kibanda kidogo nyuma chenye bati, cha kupikia pilau na kukaanga. Nimechora vibanda hivyo vingi kuliko ninavyoweza kuhesabu. Jiko zuri la kabati nyeupe linabaki la kuchemshia chai, na dada wa kazi anakaa nyuma peke yake kuanzia asubuhi. Kama unajua utapika nyuma, chora jiko la nyuma tangu mwanzo, liwe na benchi, na mlango wake utazame ua badala ya ukuta, ili anayepika asiwe kama amefungiwa.

Fleti haina uani. Ina kibaraza cha juu, mara nyingi chembamba mno, kimejaa mtungi wa gesi, ndoo na nguo. Kutwanga kwenye kinu huwezi. Wa chini atapanda. Kusonga ugali sawa. Mkeka wa mtu mzima hauingii kibarazani kama kina chake hakifiki mita moja na nusu, basi ukienda kukagua fleti nenda na futi ya fundi mfukoni upime hapo kwanza kabla hujasifia vigae.

Ngazi

Ngazi moja ina kimo cha sentimita 17 hivi. Ghorofa moja ina kimo cha mita tatu. Fanya hesabu: ni kama ngazi 18 kila ghorofa, na ghorofa ya tatu ni 54. Mama mkwe wangu alikuja kututembelea tulipokuwa huko juu, magoti yake yakiwa yameanza kuuma. Siku ya kwanza alipanda akipumzika mara mbili. Baada ya hapo alishuka Ijumaa tu. Siku nyingine alisimama dirishani na kuwatazama watu vichwani. Alikuwa na afya ya kutosha kutembea mtaa mzima. Zile ngazi 54 zilimfunga ndani kuliko ugonjwa wowote.

Zanzibar wanalijua hili kwa muda mrefu kuliko sisi. Majumba marefu ya Michenzani, yaliyoanza kujengwa mwishoni mwa miaka ya 1960 enzi za Mzee Abeid Amani Karume kwa msaada wa wataalamu wa Ujerumani Mashariki, yaliwatoa watu wa Ng'ambo, upande wa mji ulio nje ya Mji Mkongwe, kwenye nyumba za chini zenye baraza na kuwapandisha juu. Yalileta makazi ya kudumu, na kuta zake bado zimesimama. Lakini ukipita jioni utaona maisha yameshuka tena chini: watu wamekaa miguuni mwa majumba, biashara ndogo ndogo, mazungumzo. Wameitafuta baraza waliyonyimwa na ramani. Kwetu, Magomeni Kota, nyumba za zamani za chini zilibomolewa, na mwaka 2022 yakazinduliwa maghorofa mapya kwa ajili ya kaya 644 zilizokuwa zikiishi pale. Ningependa sana watu wa mipango miji wakae pale chini jioni, wahesabu ni wapi watu wanakaa na wapi hawakai, kabla ya kuchora mradi unaofuata.

Fleti ina mema yake na sitaki kuyapunja. Uko karibu na kazi. Hupotezi saa nne barabarani kila siku, na saa hizo nne ni za watoto wako. Mwanamke anayeishi peke yake anafunga mlango mmoja na kulala. Hakuna anayehesabu kandambili zako. Kwa mtu aliyechoka kuangaliwa, hiyo ni pumzi.

Ukichagua fleti, usiende kuikagua saa sita mchana na dalali. Nenda saa kumi na mbili jioni, simama kwenye ngazi. Angalia kama kuna mwanga unaotoka nje, au ni giza linalotegemea balbu iliyoungua. Angalia pale ngazi zinapokata kona kama watu wawili wanaweza kusimama wakaongea bila kumziba wa tatu. Pakiwa finyu na giza, kila mtu atapita mbio na kichwa chini, na mtakaa miaka mitano mkijuana kwa viatu. Kama una mtoto mdogo au mzee, usivuke ghorofa ya pili: kutoka hapo bado unamtambua mwanao kwa uso akiwa uwanjani, na ukimwita kwa jina anageuka. Na kama unanunua, kumbuka kwamba sheria ya mwaka 2008 ya umiliki wa sehemu za majengo inakufanya kuwa na hisa kwenye ngazi, korido na uwanja pia. Uliza nani anavitunza.

Ukuta na mwizi

Kila ninapotaja baraza, mteja ananijibu kwa neno moja: wezi. Ni hoja ya haki. Barazani ndala zinaondoka, na kamba ya uani imewahi kupoteza shuka zetu mpya za Idi.

Lakini ngoja nikueleze kilichonipata. Nilijenga ukuta wa kozi kumi, mita mbili na robo hivi, na vyuma vyenye ncha juu yake. Mwaka wa kwanza waliingia. Walipokwisha kuruka, ule ukuta ukawaficha wao. Walifanya kazi kwa utulivu, wakakata grili ya stoo, na hakuna hata mpita njia mmoja aliyeweza kuwaona. Jirani wa kushoto alisikia chuma kinakatwa akadhani nina fundi, kwa sababu hakujua ratiba yangu wala mimi yake. Tulikuwa hatujawahi kuongea zaidi ya honi.

Ukuta wa nyuma na wa pembeni, nyanyua kadiri unavyotaka. Upande wa barabarani nashauri kozi tano, kisha vyuma vya wima juu yake. Mtu aliyesimama nje anaona uwanja wako, na wewe unamwona aliyesimama nje. Maua yapande kwenye vyuma, sawa, ila yasizibe. Na taa iangaze barabara, si mlango wako tu. Jirani akirudi usiku akapita kwenye mwanga wako, ameshakuwa na deni la kukujali.

Siku ya msiba

Hili watu hawapendi kulizungumza wakiwa wanajenga, lakini mimi huliuliza. Nyumba ya Kiswahili siku ya msiba inajua kazi yake: wanaume barazani na chini ya turubai barabarani, wanawake koridoni na uani, vyungu nyuma, na jeneza linatoka kwenye korido iliyonyooka, moja kwa moja hadi mlango wa mbele. Harusi nayo vivyo hivyo.

Fleti inaumiza siku hiyo. Nimewaona vijana wanne wakishusha jeneza kwenye kona ya ngazi nyembamba, wakilisimamisha wima ili lipite, na mjane akiwa nyuma yao anatazama. Tangu hapo sichori kona ya ngazi chini ya mita moja na nusu, hata mwenye jengo akinung'unika kwamba ninamlia nafasi ya chumba.

Nyumba ya geti inaweza kulibeba jambo hilo vizuri kama uwanja haukumalizwa wote kwa maegesho na vigae. Lakini kwangu, tulipofiwa, majirani wengine waliona sebule yangu kwa mara ya kwanza siku ile. Nilipeana nao mikono nikiona aibu.

Watu wa Lamu walikwisha kulitatua

Kuna wanaodhani ni lazima uchague: uishi wazi kama Magomeni, au ujifungie nyuma ya geti kama Mbezi. Nyumba za mawe za Lamu zinaonyesha kwamba si lazima. Mji Mkongwe wa Lamu, uliotambuliwa na UNESCO mwaka 2001, una nyumba zenye kuta nene mno na madirisha machache ya nje, nyumba za siri hasa. Vyumba ni virefu na vyembamba, kwa sababu upana wake uliamuliwa na boriti za mikoko, mita mbili na nusu hadi tatu basi. Ukisimama njiani mlango ukiwa wazi, huoni ndani, kwani njia ya kuingilia inapinda.

Na bado nje ya mlango kuna daka, kibaraza cha kuingilia, lenye baraza mbili zinazotazamana. Mgeni wa dakika mbili ana pake. Baada ya daka kuna tekani, ukumbi mdogo wa kuingilia, kisha kiwanda, yaani ua wa katikati ulio wazi kwa anga, kisha misana, zile kumbi ndefu na nyembamba, na mwisho kabisa chumba kiitwacho ndani, kwa mwenyewe na watoto. Hatua kwa hatua, kila hatua na watu wake. Na juu ya vichochoro kulikuwa na wikio, daraja la kuunganisha nyumba mbili ghorofani, ili wanawake wa ukoo watembeleane bila kushuka njiani. Kuna wanaoliona wikio kama kifungo na kuna wanaoliona kama uhuru. Mimi naona kwamba aliyelijenga alijiuliza kwanza nani anataka kwenda wapi.

Kwa hiyo ipi?

Ukiniuliza leo, nitakujibu kwa kuangalia uliyenaye nyumbani.

Kama unaishi na mzee, au una watoto chini ya miaka kumi na unaondoka alfajiri kurudi usiku, tafuta nyumba ya chini kwenye mtaa wenye watu barazani, hata kama ni ndogo. Unahitaji macho ya watu wengine, na macho hayo hayanunuliwi kwa kamera. Kama unajenga mwenyewe, nyumba ya Kiswahili yenye choo ndani ya kila chumba inawezekana kabisa. Vyumba vitapungua kutoka sita hadi vinne, korido na uani vibaki. Nimeichora mara kadhaa kwa watu wanaotaka kuishi chumba kimoja na kupangisha vingine, na wapangaji hawahami hovyo.

Kama u kijana, u peke yako au ndio mmeoana, na kazi iko katikati ya mji, chukua fleti ghorofa ya kwanza au ya pili na usione vibaya. Jirani mtafute kwa makusudi, kwa sababu jengo halitakutafutia.

Kama moyo wako uko kwenye nyumba ya geti, jenga, lakini rudisha ukuta wa mbele ndani mita moja na nusu, na hapo nje, pembeni ya geti, weka baraza ya kozi mbili. Ni ardhi ndogo: kwenye kiwanja cha mita 20, ukiirudisha kwa urefu wa mita nne tu, ni mita sita za mraba. Ndani ya geti, kabla ya sebule, weka kibaraza chenye paa na benchi, ili mgeni wa kikombe cha chai asilazimike kuona makochi. Mlango mdogo wa miguu kwenye geti usikose, na mchana uache bila komeo kama mtaa unaruhusu.

Mwaka jana mteja mmoja alikubali hilo la baraza ya nje shingo upande, baada ya mkewe kumwambia anataka pa kukaa akisubiri basi la shule. Miezi michache baadaye akanipigia simu. Nilidhani kuna ufa. Akasema hapana, ni kwamba mama yake amekuja tangu Ramadhani na hajataja kurudi, asubuhi anakaa pale nje na bibi wa nyumba ya tatu, ila ikifika saa tano jua linawafukuza. Akauliza kama bati linaweza kusogezwa mbele kidogo. Nilikwenda na futi yangu nikawakuta wawili hao wamevuta miguu kwenye kivuli kilichobaki, nikapima, tukaongeza mita moja na nusu.